Mtama na Mboga za Mizizi kwa Msimu wa Baridi

Kuanzia Juni hadi Agosti, baridi inapokaza Nyanda za Juu Kusini, mlaji wa Njombe, Makete au Mbeya hutafuta chakula kizito cha moto. Wakati huohuo mtama mpya huwa umekwisha kuvunwa Dodoma na Singida, nazo karoti na viazi hupatikana sokoni. Hapa tunaeleza namna ya kuvipika pamoja kwa viungo vya Pwani, viwe chakula cha kuandamana na maharage, nyama au samaki. Tunaeleza pia jambo ambalo wengi hulikosea. Hudhaniwa kwamba chakula kikichemka sana, kila ubaya uliokuwamo umekwisha. Sivyo. Ziko sumu ambazo moto wa jikoni hauziondoi, nazo huzuiwa kabla sufuria haijainjikwa au baada ya kuipuliwa.

Tuanze na nafaka. Sumukuvu hutokana na kuvu wanaoota kwenye nafaka iliyokaushwa vibaya au kuhifadhiwa penye unyevu. Haina harufu wala ladha ya kuitambulisha, na kuchemsha hakuimalizi. Mwaka 2004 mahindi yenye sumu hiyo yaliua watu 125 mashariki mwa Kenya. Mwaka 2016 maafa ya namna hiyo yaliwafika watu wa Dodoma na Manyara. Mahindi ndiyo yaliyo hatarini zaidi, lakini mtama nao haukusalimika. Nunua mtama mkavu, ambao punje yake hukatika kwa mlio ukiiuma. Upepete, kisha uuchague kwenye ungo, ukitoa punje zilizobadilika rangi, zilizosinyaa na zilizotobolewa na wadudu. Kuchagua hupunguza sumu, lakini si uthibitisho kwamba nafaka ni salama. Kwa hiyo gunia lenye uvundo liache hapohapo, hata muuzaji akishusha bei. Punje ulizozitoa usiwape kuku, maana nao hudhurika.

Kiazi mviringo kilichogeuka kijani kwa kuachwa kwenye mwanga nacho kina sumu isiyotoka kwa kuchemsha. Kama ni doa dogo, likate pamoja na nyama iliyo chini yake. Kama kimeenea, kitupe. Kiazi kitamu kilichooza upande mmoja na kuwa kichungu kitupwe chote. Muhogo tumeuacha kwa makusudi, kwa kuwa ule mchungu unahitaji matayarisho yake marefu. Na ununuapo, omba upimiwe kwa mizani, kwani fungu lililopangwa vizuri hudanganya macho.

Kwa watu sita, loweka vikombe 2 vya mtama usiku kucha. Asubuhi mwaga maji hayo, hasa kama mtama ni mwekundu, kwa kuwa hutoka na sehemu ya ukakasi wake. Uchemshe kwa vikombe 6 vya maji na chumvi kidogo kwa muda wa saa moja hivi, hadi punje ziwe laini lakini zisipasuke zote, kisha chuja. Kuloweka hupunguza muda wa kupika na hivyo kuokoa mkaa. Tunasihi jiko la mkaa lisiingizwe katika chumba kilichofungwa kwa ajili ya kuota moto. Hewa yake huua watu wakiwa usingizini.

Mtama ukiwa jikoni, menya viazi 3, karoti 3 na bitiruti 1, ukate vipande vya ukubwa wa kidole gumba. Bitiruti ichemshwe peke yake, la sivyo chakula chote kitakuwa chekundu. Kaanga kitunguu, tangawizi iliyopondwa na kijiko cha bizari nyembamba. Tia karoti na viazi, halafu tui kikombe 1, ufunike hadi viive. Changanya mtama na bitiruti, ukamulie ndimu.

Sasa tuje kwenye kiporo, ambacho ndicho hasa kilichotufanya tuandike. Nafaka iliyopikwa huweza kubaki na mbegu za bakteria zinazostahimili kuchemka. Chakula kikiwa vuguvugu, mbegu hizo huamka, bakteria huzaliana, na baadhi yao hutoa sumu ya kutapisha ambayo haiharibiki kwa kupasha chakula upya. Katika miji ya baridi watu hulala wakiamini kwamba usiku umelifanya jiko kuwa jokofu. Lakini sufuria kubwa iliyofunikwa kando ya mafiga hubaki vuguvugu kwa saa nyingi, hata kama nje kumeanguka sakitu.

Chakula kisikae hivyo zaidi ya saa 2. Kitandaze kwenye sinia pana kipoe upesi, kisha kiingie katika jokofu lenye baridi ya chini ya nyuzi 5. Unapokila tena, kipashe hadi kifuke mvuke mpaka katikati, na ukipashe mara moja tu. Asiye na jokofu apike kiasi cha mlo mmoja: kikombe 1 cha mtama huwatosha watu watatu, na mtama mkavu uliosalia hauharibiki ukihifadhiwa pakavu. Atakayechelewa kurudi awekewe chakula chake juu ya makaa, kikitoa mvuke muda wote, si kando ya makaa.