Shauri Lililokwisha Kuamuliwa



Wengi wetu visiwani tuna jamaa pwani ya Kilwa na Lindi, na wako wenye minazi na mikorosho ya urithi huko. Kwa hiyo yafaa tuliangalie jambo linalowatia watu hasara bure: mtu ameshapata hukumu juu ya shamba, kisha arudi mahakamani kuomba lile lile, mara ya pili na ya tatu.

Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya mwaka 1966, kifungu cha 9, imekataza. Shauri lililokwisha kuamuliwa na mahakama yenye uwezo, baina ya watu wale wale au waliorithi haki zao, juu ya jambo lile lile, halisikilizwi tena. Kumwondoa baba na kumwingiza mtoto hakusaidii. Wala hakusaidii kuleta hoja uliyopaswa kuitaja tangu mwanzo. Tena, ukiomba mambo matatu na hukumu ikakupa mawili tu, la tatu lahesabiwa limekataliwa.

Si wote warudio kwa ukorofi. Tuseme mtu ameshinda, lakini jirani angali akiangua nazi za shamba lile. Mwenye hukumu hudhani karatasi yake haina nguvu, akafungua kesi mpya. Kesi yatupwa, gharama zamwangukia yeye, na nazi zaendelea kuanguliwa. Huyu hakuhitaji hukumu ya pili. Alihitaji kupeleka ombi la kukaza hukumu aliyo nayo, katika mahakama ile ile iliyoitoa.

Aliyeshindwa naye njia yake ni rufaa. Kutoka Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya kwenda Mahakama Kuu, muda ni siku 45. Kwa mtu wa Kilwa Masoko, kuifikia Mahakama Kuu ni safari ndefu. Basi asingoje siku ya 44. Muda ukimpita kwa sababu ya haki, aombe kuongezewa, wala asianze kesi upya.

Lakini tuangalie vizuri neno lililoandikwa. Kesi iliyoondolewa kwa kasoro ya utaratibu, bila kusikilizwa madai yenyewe, haijaamuliwa. Kasoro ikirekebishwa, yaweza kuletwa tena, maadamu muda wa kudai haujapita.

Kwetu Unguja na Pemba tuna mahakama zetu na sheria zetu, na hesabu ya siku yapasa kuulizwa huku huku. Kanuni yenyewe ni moja.

Kwa hiyo, kila mwenye hukumu aitunze nakala yake pamoja na hati ya shamba, na kabla ya kulipa ada ya kesi nyingine, amsomee mtu ajuaye sheria, neno kwa neno.