"Elfu nane tu kwa mwezi": Je, nyumba hiyo itakugharimu pesa ngapi mpaka mwisho?

Ukipita Kibera upande wa Soweto East utaona magorofa yaliyosimama pale palipokuwa na mabati. Mwaka 2016 nyumba 822 za awamu ya kwanza zilikabidhiwa hapo, na tangu wakati huo mazungumzo ya kumiliki nyumba hayajaisha mtaani. Kawangware nako, kuanzia Kabiro mpaka 46, mabango ya nyumba za kuuza yamejaa. Na karibu kila bango lina maneno yale yale: lipa kidogo kidogo kila mwezi, nyumba iwe yako.

Mtu anayelipa rent ya elfu nane anaposikia "elfu nane kwa mwezi na nyumba ni yako", moyo unaruka. Ni kawaida. Lakini kabla hujatia sahihi, kuna swali moja ambalo bango halijibu: jumla ni ngapi?

Ukikopa kwa simu, hesabu ni fupi. Umechukua elfu moja, unaambiwa mapema utarudisha ngapi, na mwezi ukiisha mmemalizana. Mkopo wa nyumba, ule watu huita mogeji, ni kitu kile kile kilichovutwa kwa miaka 20. Kwa sababu ni mrefu, jumla yake inajificha. Leo tuitoe mafichoni.

Tupige hesabu pamoja

Tuseme nyumba inauzwa Sh1,000,000. Umeweka dipositi ya asilimia 10, yaani Sh100,000. Unakopa Sh900,000 kwa riba ya asilimia 9 kwa mwaka, ulipe kwa miaka 20.

Malipo ya kila mwezi yatakuwa karibu Sh8,098. Hiyo ndiyo "elfu nane tu".

Sasa zidisha kwa miezi 240. Utakuwa umelipa karibu Sh1,943,400. Ulikopa laki tisa, ukarudisha zaidi ya milioni moja na laki tisa. Riba peke yake ni karibu Sh1,043,400, yaani kubwa kuliko deni lenyewe. Ukiongeza ile dipositi, nyumba ya milioni moja imekutoka milioni mbili na kitu.

Hakuna aliyekuibia. Hivyo ndivyo mkopo wa muda mrefu unavyofanya kazi, na ni vizuri uujue kabla, si baada.

Pesa zako za miaka ya kwanza zinaenda wapi?

Kila unapolipa, mkopeshaji anatoa kwanza riba ya mwezi huo. Kinachobaki ndicho kinachopunguza deni. Mwezi wa kwanza deni ni Sh900,000, kwa hivyo riba ni Sh6,750. Kati ya zile Sh8,098 ulizotuma, ni kama Sh1,348 tu zilizogusa deni.

Endelea hivyo miaka mitano bila kukosa hata mwezi mmoja. Utakuwa umelipa karibu Sh485,900. Deni litakuwa limeshuka kwa kiasi gani? Karibu Sh101,600. Bado unadaiwa karibu Sh798,400.

Hapa ndipo watu wengi hushtuka wakiomba taarifa ya mkopo. Wanadhani wamedanganywa. Kumbe mpaka mwaka wa 13 ndipo nusu ya kila malipo inaanza kwenda kwenye deni lenyewe, na deni linafika nusu ukikaribia miaka 14. Ukilazimika kuuza nyumba mwaka wa tano, kwa sababu ya kazi, ugonjwa au kurudi ushago, usitarajie kutoka na zile laki nne na zaidi ulizolipa. Sehemu kubwa ilikuwa riba.

Malipo sawa, bei tofauti kabisa

Angalia mikopo hii miwili. Yote ni ya Sh900,000.

- Mkopo wa kwanza: asilimia 14, miaka 20. Unalipa karibu Sh11,190 kwa mwezi.
- Mkopo wa pili: asilimia 9, miaka 10. Unalipa karibu Sh11,400 kwa mwezi.

Ukiangalia mwezi pekee, tofauti ni kama mia mbili, na wa kwanza ndio unaonekana rahisi. Sasa angalia jumla. Wa kwanza utalipa karibu Sh2,686,000. Wa pili, karibu Sh1,368,000. Huyu wa pili analipa karibu nusu, na anamaliza miaka kumi mapema.

Kwa hivyo mtu akikuambia "ni elfu kumi na moja kwa mwezi", hajakuambia bei. Amekuambia ukubwa wa kijiko. Hajakuambia sufuria ina lita ngapi.

Riba za aina zote mbili zipo Kenya. Mikopo ya kawaida ya nyumba kutoka benki ilikuwa karibu na asilimia 14 miaka ya 2023 na 2024. Kwa upande mwingine kuna kampuni ya KMRC, iliyoundwa mwaka 2018 na serikali pamoja na benki na SACCO, ambayo huzipa taasisi hizo pesa za muda mrefu ili nazo zikopeshe wananchi kwa riba ya chini ya asilimia 10. Kama uko kwenye SACCO, uliza kama wao wana mkopo wa aina hiyo. Swali hilo moja laweza kuwa na thamani ya zaidi ya milioni moja.

"Asilimia tisa" ya nani?

Jihadhari na neno hili. Riba inaweza kupigwa kwa njia mbili.

Njia ya kwanza, riba inahesabiwa kwenye deni lililobaki. Deni likipungua, riba nayo inapungua. Ndiyo tuliyotumia hapo juu.

Njia ya pili, riba inahesabiwa kwenye deni la mwanzo mpaka mwisho, hata kama umeshalipa sehemu kubwa. Laki tisa kwa asilimia 9 kwa miaka 20 hapo ni riba ya Sh1,620,000, na malipo ya Sh10,500 kwa mwezi. Asilimia ni ile ile tisa, lakini umeongezewa zaidi ya laki tano na nusu.

Muuzaji fulani akikuambia mnalipana moja kwa moja "bila benki", hapa ndipo pa kumuuliza: riba yako inapigwa kwenye deni gani?

Riba ikipanda je?

Mikopo mingi ya benki ina riba inayobadilika. Kiwango cha Benki Kuu ya Kenya kilikuwa asilimia 7 mpaka Mei 2022. Kufikia Februari 2024 kilikuwa asilimia 13, na kikaanza kushushwa Agosti mwaka huo. Waliokuwa na mikopo inayobadilika walipokea ujumbe wa malipo mapya bila kukopa hata shilingi zaidi.

Kwenye mfano wetu, riba ikitoka asilimia 9 hadi 12 baada ya mwaka wa tano, malipo yanapanda kutoka Sh8,098 hadi karibu Sh9,580. Kama biashara yako ya Toi Market au kibanda chako cha stage kinakupa elfu nane tu ya nyumba, hiyo elfu moja na nusu itatoka wapi? Jibu hilo ulipate kabla ya kukopa.

Na kuna jambo wengi hulichanganya. Utasikia mtu akisema "sheria inakataza riba kuzidi deni". Si kila mahali. Kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki kinamlinda mtu ambaye mkopo wake umeharibika, yaani ameshindwa kulipa: kuanzia hapo, riba haiwezi kuzidi deni lililokuwa limebaki. Lakini ukiwa unalipa vizuri kila mwezi, riba ya miaka yote inaweza kuzidi deni, na ni halali.

Je, si afadhali kuendelea na rent?

Tuwe wakweli. Rent ya Sh8,000 kwa miaka 20, hata landilodi asipoongeza hata bob moja, ni Sh1,920,000. Karibu sawa na ule mkopo wetu wa kwanza, na mwishoni huna nyumba. Tena elfu nane ya mwaka wa 20 haitakuwa na uzito wa elfu nane ya leo; malipo yanabaki pale pale huku bei za vitu zinapanda.

Kwa hivyo hatusemi usikope. Tunasema linganisha jumla na jumla, si mwezi na mwezi. Na ongeza vile vitu ambavyo mpangaji halipi: ada ya wakili, ada ya kukadiria thamani ya nyumba, bima ya mkopo, ada ya huduma za jengo, na ushuru wa stempu, ambao mijini ni asilimia 4 ya thamani ya nyumba. Anayenunua nyumba yake ya kwanza chini ya mpango wa nyumba nafuu ameondolewa ushuru huo. Tena, mwenye mkopo wa nyumba anayoishi anaweza kupunguziwa kodi ya mapato kwa ajili ya riba anayolipa, hadi riba ya Sh360,000 kwa mwaka. Kama unalipa kodi, usiache pesa hiyo mezani.

Sh33 kwa siku zinaweza kufanya nini?

Sasa habari njema. Rudi kwenye mkopo wetu wa Sh900,000, asilimia 9, miaka 20. Tuseme kila mwezi unaongeza Sh1,000 juu ya malipo ya kawaida. Hiyo ni kama Sh33 kwa siku.

Utamaliza baada ya miaka 15 na miezi kama miwili, badala ya 20. Na utaokoa karibu Sh294,000 za riba.

Kwa nini elfu moja ina nguvu hivyo? Kwa sababu riba ya mwezi ilishalipwa na yale malipo ya kawaida. Kila shilingi ya ziada inaenda moja kwa moja kwenye deni. Na ukianza mapema, inakuokolea riba ya miaka mingi zaidi. Elfu moja ya mwaka wa kwanza ina kazi kubwa kuliko elfu moja ya mwaka wa 18.

Lakini angalia mambo mawili. Kwanza, uliza kama kuna faini ya kulipa mapema. Pili, mwambie mkopeshaji kwa maandishi kwamba pesa ya ziada ipunguze deni lenyewe, isihesabiwe kuwa malipo ya mwezi ujao. Usiposema, inaweza kuwekwa tu pembeni ikusubiri.

Kabla ya kutia sahihi, uliza haya sita

1. Nikilipa mpaka mwisho bila kukosa, jumla ni shilingi ngapi?
2. Riba inapigwa kwenye deni lililobaki au deni la mwanzo?
3. Riba ni ile ile mpaka mwisho, au inaweza kubadilika? Ikipanda kwa asilimia 3, nitalipa ngapi?
4. Ada zote nje ya riba ni ngapi, na zinalipwa lini?
5. Naweza kulipa zaidi au kumaliza mapema bila faini?
6. Nipe jedwali la malipo ya miezi yote, kwa karatasi.

Anayekukopesha kwa haki hatakasirikia maswali haya. Akikukimbiza, akisema "nyumba zinaisha leo", rudi nyumbani ukalale kwanza.

Simu yako ikusaidie

Ukilipa kwa simu, fanya hivi:

- Hakikisha namba ya Paybill na jina linalotokea ni la mkopeshaji mwenyewe. Usitume dipositi ya nyumba kwa namba ya mtu binafsi, hata akijiita ajenti.
- Weka namba sahihi ya akaunti ya mkopo. Tarakimu moja ikikosewa, malipo yako yanaweza kuingia kwa mtu mwingine.
- Lipa siku mbili tatu kabla ya tarehe, usije ukapigwa faini kwa sababu ya mtandao.
- Hesabu ada ya kutuma. Kama ni Sh50, mara 240 ni Sh12,000.
- Hifadhi ujumbe wa kila malipo, na mara moja kwa mwaka omba taarifa ya mkopo ulinganishe. Deni linapaswa kuwa limeshuka kama jedwali linavyosema.
- PIN yako ni yako. Hakuna mkopeshaji wa kweli atakayekuuliza.

Haba na haba hujaza kibaba, na kwenye mkopo wa nyumba haba hiyo inaweza kujaza kibaba chako au cha mkopeshaji. Jioni ya leo chukua simu, fungua kikokotoo, na uandike namba mbili tu: malipo ya mwezi, na idadi ya miezi. Zidisha. Hiyo itakayotokea, ukiongeza dipositi na ada zako, ndiyo bei ya nyumba yako.