Kombe Lililobaki Algiers

Natumaini mmekwisha kaa, na kila mtu ana daftari lake na kalamu ya risasi. Leo hatutasoma habari za mbolea wala za kuchemsha maji ya kunywa. Tutasoma habari za kandanda.

Nimechagua habari hizi kwa sababu ya swali. Nilipotembelea darasa la Mbezi Luis, mama mmoja anayeuza mihogo ya kukaanga karibu na kituo cha mabasi cha Magufuli alisimama akaniuliza: "Mwalimu, mwaka 2023 Yanga walikwenda Algiers wakashinda. Mbona kombe lilibaki kule? Mume wangu husema tuliibiwa. Kaka yangu ni mtu wa Simba, yeye husema tulifungwa. Kila siku wanabishana mbele ya mihogo yangu. Mimi nataka niyaone mwenyewe kwenye maandishi."

Darasa zima lilicheka, lakini swali lile ni zuri. Kwa kulijibu lazima tujue kusoma hesabu za mpira, tena tuzisome kwa msimu mzima, maana mchezo mmoja hausemi habari zote. Msimu wenyewe ni ule wa 2022 na 2023, na timu ni Young Africans ya Jangwani, Dar es Salaam, iliyoanzishwa mwaka 1935. Nyote mnaiita Yanga. Msiniulize mimi ni shabiki wa nani.

Tuanze na ligi, kwa sababu hesabu zake ni nyepesi. Katika ligi kuu ya Tanzania ya msimu ule kulikuwa na timu 16. Kila timu ilikutana na kila mwenzake mara mbili, mara moja nyumbani na mara moja ugenini. Timu moja ina wenzake 15, na 15 mara 2 ni 30. Basi kila timu ilicheza michezo 30. Anayeshinda hupata pointi 3. Wakitoka sare, kila mmoja hupata pointi 1. Anayefungwa hapati kitu.

Mwalimu wa darasa, tafadhali andika ubaoni. Yanga: kushinda 25, sare 3, kufungwa 2. Chini yake andika Simba: kushinda 22, sare 7, kufungwa 1.

Sasa tazameni vizuri. Nani alifungwa mara chache? Ni Simba, alifungwa mara moja tu katika msimu mzima. Mtu asiyejua hesabu angesema Simba ndiye bingwa. Lakini zidisheni. Yanga 25 mara 3 ni 75, ongeza 3 za sare, jumla 78. Simba 22 mara 3 ni 66, ongeza 7 za sare, jumla 73. Yanga akawa bingwa kwa pointi 5, na huo ulikuwa ubingwa wake wa 29. Simba aliumizwa na zile sare. Ukitoka sare hujafungwa, lakini umeziacha pointi 2 uwanjani. Fanya hivyo mara 7, umeacha 14. Nyinyi wafanyabiashara mnalijua jambo hili: senti ndogo ndogo unazowasamehe wateja kila siku, mwisho wa mwezi ni fedha nyingi.

Kabla ya msimu ule Yanga ilikuwa imezoea kutokufungwa. Ilikaa michezo 49 ya ligi bila kupoteza hata mmoja, tangu Aprili 1921 — samahani, mwalimu wa darasa, usiandike hivyo, ulimi umeteleza. Ni Aprili 2021. Halafu tarehe 29 Novemba 2022 ikaenda Mbarali, mkoa wa Mbeya, ikafungwa mabao 2 kwa 1 na Ihefu, timu ambayo wengi hata hawakuifikiria. Mara ya pili ilifungwa na Simba wenyewe, mabao 2 kwa 0, mwezi wa Aprili 2023.

Hayo ni mambo ya ligi ya nyumbani. Sasa tutoke nje ya nchi.

Mashindano ya Afrika yana njia mbili. Ya kwanza na kubwa ni Ligi ya Mabingwa. Ya pili ni Kombe la Shirikisho. Yanga iliingia kwa njia ya kwanza ikatolewa mapema, mwezi wa Oktoba 2022, na Al Hilal ya Omdurman, Sudan. Walitoka sare ya 1 kwa 1 Dar es Salaam, kisha Yanga ikafungwa 1 kwa 0 kule Sudan. Kwa desturi ya mashindano yale, timu iliyotolewa hapo ilipewa nafasi ya kujaribu njia ya pili. Mpinzani wake akawa Club Africain ya Tunisia. Mchezo wa Dar es Salaam ulikwisha 0 kwa 0, na watu wengi mjini walikata tamaa, wakisema kule Tunis hakuna mgeni anayetoka salama. Aziz Ki, kijana wa Burkina Faso, akafunga bao moja kule kule Tunis, na Yanga ikapita.

Habari za makundi nitazirudia mwishoni, maana ndizo kazi yenu ya leo. Kwa sasa jueni tu kwamba Yanga iliongoza kundi lake. Nchi nzima ilianza kuitazama. Rais Samia Suluhu Hassan alikwisha ahidi shilingi milioni 5 kwa kila bao la Simba na Yanga katika mashindano ya Afrika, na baadaye akaongeza.

Baada ya makundi mambo yakawa ya mtoano. Hapa hakuna pointi. Timu mbili hukutana mara mbili, nyumbani na ugenini, na mabao ya michezo yote miwili hujumlishwa. Yanga iliifunga Rivers United ya Nigeria mabao 2 kwa 0 kule Uyo, yote mawili ya Fiston Mayele, Mkongo. Waliporudiana Dar es Salaam ikawa 0 kwa 0. Kisha ikaja Marumo Gallants ya Afrika Kusini: 2 kwa 0 Dar es Salaam, na 2 kwa 1 kule Rustenburg. Jumlisheni wenyewe: 4 kwa 1. Hapo Yanga ikafika fainali.

Klabu ya Tanzania ilikuwa imefika fainali ya Afrika mara moja tu kabla ya hapo. Ilikuwa Simba, mwaka 1993, katika Kombe la CAF. Simba ilitoka 0 kwa 0 Abidjan na Stella, watu wakaanza kushona nguo za sherehe, kisha ikafungwa 2 kwa 0 hapa hapa nyumbani. Wazee waliokuwapo mwaka ule hawapendi kuulizwa.

Basi tufike kwenye swali la mama wa mihogo.

Fainali ya kwanza ilichezwa tarehe 28 Mei 2023 katika uwanja wa Benjamin Mkapa. Mpinzani alikuwa USM Alger ya Algeria. Watu walikuwa wengi mno, na katika msongamano wa kuingia mtu mmoja alipoteza maisha na wengine wakaumia. Ni vema tulikumbuke jambo hilo tunapoeleza habari za mabao. Katika mchezo wenyewe wageni walifunga kwanza, dakika ya 32. Mayele akasawazisha dakika ya 82, na uwanja ukalipuka kwa kelele. Kelele hazijanyamaza, dakika ya 84, wageni wakafunga la pili. Mchezo ukaisha Yanga 1, USM Alger 2.

Fainali ya pili ilikuwa Algiers, tarehe 3 Juni. Yanga ilipata penalti mapema, Djuma Shabani akapiga, bao. Mchezo ukaisha Yanga 1, USM Alger 0. Kushinda Algiers, mbele ya watu wao, si kazi ya mchezo.

Andikeni sasa. Yanga: 1 ya Dar es Salaam na 1 ya Algiers, jumla 2. USM Alger: 2 za Dar es Salaam na 0 ya Algiers, jumla 2. Wako sawa! Nani achukue kombe?

Hapo ndipo ilipotumika kanuni ya bao la ugenini. Kanuni hiyo husema: jumla ikiwa sawa, tazama nani amefunga mabao mengi akiwa mgeni. Ilitungwa ili timu ngeni isije ikajaza walinzi langoni na kungojea muda uishe. Yanga akiwa mgeni alifunga 1. USM Alger akiwa mgeni alifunga 2. Kombe likabaki Algiers.

Kwa hiyo, mama, mume wako hakusema kweli. Hakuna aliyeiba, kanuni iliandikwa kabla mpira haujachezwa, na ni kanuni ile ile iliyokuwa ikitumika kwa kila timu. Kaka yako naye amesema nusu tu. Yanga ilifungwa mchezo mmoja na kushinda mmoja, na jumla ya mabao ilikuwa sawa. Kwa maoni yangu kombe halikupotea Algiers. Lilipotea Dar es Salaam, katika zile dakika 2 baada ya bao la Mayele, watu walipokuwa bado wanashangilia. Kama kanuni yenyewe ni ya haki, hilo bishaneni. Ulaya waliiacha katika mashindano yao mwaka 2021.

Mayele alimaliza akiwa mfungaji bora wa Kombe la Shirikisho, mabao 7. Tarehe 12 Juni Yanga ikaifunga Azam 1 kwa 0 kule Tanga, ikachukua na kombe la shirikisho la nyumbani. Mwezi ule ule kocha Nasreddine Nabi, Mtunisia, akaondoka, na baadaye Mayele naye akaenda kucheza Misri.

Sasa kazi yenu. Haya ni matokeo ya Yanga katika kundi lake. Yanga 0, Monastir 2. Yanga 3, TP Mazembe 1. Yanga 1, Real Bamako 1. Yanga 2, Real Bamako 0. Yanga 2, Monastir 0. Yanga 1, TP Mazembe 0. Tafuteni pointi zote za Yanga, mabao iliyofunga na mabao iliyofungwa. Kila mtu afanye peke yake, asichungulie kwa jirani. Majibu ni pointi 13, mabao 9 na mabao 4, lakini mwalimu wa darasa asiyasome mpaka kila daftari lifungwe.

Kwaherini, mpaka Alhamisi.