Taa ya EPC ikiwaka, usikimbilie kununua spea

HEBU mfikirie mfanyabiashara wa vifaranga ambaye amepakia maboksi manne mjini Thika kabla ya jua kuchomoza. Kila boksi lina vifaranga 100 wa siku moja na wateja wake, wafugaji wa kuku, wanamsubiri Nyeri. Gari lake ni Volkswagen Golf kuukuu iliyoagizwa kutoka Japani.

Amepita Sagana na kuanza kupanda kuelekea Karatina. Ghafla taa ya manjano yenye herufi tatu, EPC, inawaka mbele ya usukani. Anakanyaga mafuta lakini gari halivuti. Lori lililo nyuma yake linapiga honi, joto linaongezeka ndani ya gari, na vifaranga wameanza kulia.

Wenye magari ya aina hii wanaijua hofu hiyo. Hata hivyo, hasara ya njiani inaweza kuwa ndogo ikilinganishwa na ile itakayofuata kwenye gereji iwapo fundi ataanza kubadilisha vipuri kwa kubahatisha.

Taa hiyo haitaji kipuri kilichoharibika. Inachosema ni kwamba kompyuta ya injini imepoteza imani na mfumo unaopima na kutawala nguvu za injini. Sababu inaweza kuwa mtambo wa bei ghali, na inaweza pia kuwa balbu ya taa ya breki.

EPC ni kifupisho kinachotumika kwenye magari ya kampuni ya Volkswagen na ndugu zake Audi, Skoda na Seat, na maana yake ni udhibiti wa nguvu za injini kwa umeme. Magari hayo si mageni Afrika Mashariki. Mbali na yale kuukuu yanayoingia kupitia bandari ya Mombasa, Volkswagen ilianza kuunganisha magari ya Polo Vivo mjini Thika Desemba 2016, na mwaka 2018 ikafungua kiwanda cha kuunganisha magari Kigali, Rwanda.

Ili kuielewa taa hii, ni vyema kujua kinachotokea dereva anapokanyaga mafuta.

Katika magari ya zamani, pedali ya mafuta iliunganishwa na injini kwa kebo ya chuma. Dereva alipokanyaga, kebo ilivuta kijilango kinachoruhusu hewa kuingia kwenye injini. Mafundi hukiita kijilango hicho throto.

Kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1990, magari mengi ya Volkswagen yaliachana na kebo hiyo. Kwenye pedali kuna vitambuzi viwili, ambavyo mafundi huviita sensa, vinavyopima mguu umekanyaga kwa kiasi gani. Vitambuzi hivyo hupeleka habari kwa kompyuta kupitia nyaya, nayo huamuru mota ndogo ifungue throto. Kwenye throto pia kuna vitambuzi viwili vinavyoripoti iwapo amri imetekelezwa.

Vitambuzi vimewekwa viwili viwili kwa sababu za usalama. Kompyuta hulinganisha ripoti zao kila wakati. Zikitofautiana, haiwezi kujua ni ipi ya kuaminika, na haitathubutu kuipa injini nguvu zote huku haijui dereva anataka nini.

Hapo ndipo inapowasha taa na kupunguza nguvu. Gari huanza kuchechemea, na hilo limepangwa na watengenezaji wenyewe. Kwa mfano, ripoti zote mbili za pedali zikipotea, injini huendelea kunguruma kwa mizunguko isiyozidi takriban 1,500 kwa dakika na haijibu tena mguu wa dereva. Inakusudiwa kwamba gari lisimame salama badala ya kufyatuka lenyewe.

Ni muhimu pia kuitofautisha taa hii na ile yenye mchoro wa injini. Taa ya mchoro wa injini hushughulika zaidi na hitilafu zinazochafua moshi, ilhali EPC hushughulika na nguvu za injini. Wakati mwingine huwaka zote mbili. Kwenye magari mengi ya Volkswagen yanayotumia dizeli hakuna herufi za EPC, bali taa ya mchoro wa koili ya kupashia joto ndiyo humemeteka kunapokuwa na hitilafu kama hiyo.

Wenye Toyota nao wasidhani kwamba jambo hili haliwahusu. Toyota nyingi za siku hizi zina pedali isiyo na kebo, ila hitilafu yake hutangazwa na taa ya mchoro wa injini.

Je, dereva afanye nini taa ikiwaka barabarani? Kwanza aondoe mguu kwenye mafuta taratibu, awashe taa za tahadhari na kutafuta mahali salama pa kuegesha nje ya barabara. Asijaribu kulipita gari jingine, kwani nguvu za kumaliza kulipita huenda zisipatikane.

Akishasimama na kuweka vibao vya tahadhari, anaweza kuzima injini, kungoja dakika chache kisha kuiwasha tena. Iwapo taa itazimika na nguvu kurejea, anaweza kuendelea kwa mwendo wa wastani hadi kwa fundi. Taa kuzimika hakumaanishi kwamba gari limepona, kwa kuwa kumbukumbu ya hitilafu kwa kawaida hubaki kwenye kompyuta.

Injini ikitetemeka na taa ya mchoro wa injini ikimemeteka, safari inafaa kukatizwa. Hiyo ni dalili kwamba silinda mojawapo haichomi mafuta ipasavyo, na mafuta hayo yanaweza kuharibu kifaa cha kusafisha moshi kilichomo kwenye egzosi, ambacho ni ghali.

Kabla ya kufika gereji, mwenye gari anaweza kufanya kazi kubwa bila kulipa hata senti moja. Aandike taa iliwaka wakati gani: injini ikiwa baridi au moto, gari likipanda mlima au likiwa limesimama, baada ya mvua au baada ya kuoshwa. Habari hizo humpunguzia fundi saa nyingi za kutafuta.

Hatua ya pili ni kumwomba mtu asimame nyuma ya gari huku breki ikikanyagwa. Je, taa zote za breki zinawaka? Je, zinazimika mguu unapoondolewa?

Wengi hushangaa breki inahusianaje na nguvu za injini. Kompyuta hutaka kujua ni lini dereva anafunga breki ili ipunguze mafuta. Swichi iliyo juu ya pedali ya breki hutoa ishara mbili, na zisipoafikiana EPC huwaka. Kwenye baadhi ya magari, hata balbu ya breki iliyoungua au isiyo ya aina inayofaa huweza kuwasha taa hiyo.

Kwa gari lenye gia za otomatiki kuna dalili nyingine ya swichi mbovu: wenzo wa gia hukataa kutoka kwenye herufi P hata breki ikikanyagwa. Swichi hii ni kifaa kidogo, na bei yake haikaribii ile ya throto au ya kompyuta. Kuipuuza kuna hatari nyingine pia, kwa sababu gari lisilo na taa za breki huweza kugongwa kutoka nyuma.

Hatua ya tatu ni betri. Betri nzima iliyojaa husoma takriban volti 12.6 injini ikiwa imezimwa, na kwa kawaida kati ya 13.8 na 14.5 injini ikinguruma. Umeme ukiwa hafifu, au vichwa vya betri vikiwa vimelegea na kushika kutu, kompyuta hupata ripoti zisizoeleweka na kuwasha taa mbalimbali.

Kwa wakulima kuna adui mwingine: panya. Gari linalolazwa karibu na ghala la mahindi au chakula cha kuku huwavutia, nao hupanda kwenye injini yenye joto na kutafuna nyaya. Kufungua boneti na kuangalia nyaya zinazoingia kwenye throto ni kazi ya dakika chache.

Baada ya hapo gari lipimwe kwa mashine. Soketi ya kupimia, yenye matundu 16, kwa kawaida huwa chini ya dashibodi upande wa dereva. Marekani ililazimisha magari mapya kuwa na mfumo huu kuanzia yale ya mwaka 1996, na Ulaya ikafuata mwaka 2001 kwa magari ya petroli.

Mashine itatoa namba za hitilafu. Mwenye gari azinakili zote kabla ya chochote kufutwa. Kufuta namba ili taa izimike, bila kutafuta chanzo, ni sawa na kuchana barua kabla ya kuisoma.

Namba P0571 huelekeza kwenye swichi ya breki au nyaya zake. P2138 husema kwamba ripoti za vitambuzi viwili vya pedali hazilingani. P0302 ni silinda ya pili isiyochoma mafuta sawasawa, hivyo plagi na koili ndizo za kuangaliwa kwanza. P0299 ni taabo isiyosukuma hewa ya kutosha, na mpira wa hewa uliopasuka ni miongoni mwa sababu zake.

Hata hivyo, namba huonyesha ni sehemu gani ya mfumo ina tatizo. Haithibitishi kwamba kifaa kilichotajwa kimekufa. P2138 inaweza kutokana na pedali mbovu, waya uliokatika au soketi iliyoingia maji. Makanika anayesoma namba na papo hapo kumtuma mteja Barabara ya Kirinyaga, Nairobi, kununua pedali, hajamaliza kazi yake.

Fundi makini hutazama vipimo vikiwa hai kwenye mashine. Akikanyaga pedali polepole, ripoti zote mbili zinapaswa kupanda bila kurukaruka. Kwenye magari mengi ya Volkswagen, ripoti ya pili ni nusu ya ile ya kwanza. Kwenye throto, moja hupanda huku nyingine ikishuka. Ikiruka ghafla mahali pamoja, hapo kuna ushahidi wa kutosha kuanza kuchunguza kifaa na nyaya zake.

Mara nyingine throto haijaharibika bali imejaa masizi. Inaweza kusafishwa kwa dawa maalumu na kitambaa laini, bila kukisukuma kijilango kwa nguvu za vidole kwani mota na gia zake ni dhaifu.

Baada ya kusafishwa, kutolewa au kubadilishwa, throto hufundishwa upya kwa mashine ili kompyuta ijue mahali inapofunga na inapofungua. Wengi husahau hatua hii. Gari hurudi likinguruma ovyo, na mwenye gari huambiwa kwamba throto aliyonunua ni mbovu.

Kabla ya kukubali kulipa, mteja ana haki ya kuuliza maswali manne. Namba ya hitilafu ni ipi? Ni kipimo gani kilichothibitisha kwamba kifaa hiki ndicho kibovu? Je, nyaya na soketi zimekaguliwa? Na je, throto itafundishwa upya baada ya kazi? Aombe pia kukabidhiwa kifaa cha zamani.

Anayenunua gari kuukuu naye ana la kuangalia. Ufunguo ukizungushwa kabla ya injini kuwaka, taa ya EPC inapaswa kuwaka kwa takriban sekunde tatu kisha izimike. Isipowaka kabisa, anafaa kujiuliza kama kuna mtu aliyeificha ili kuficha ugonjwa.

Mashine pia huonyesha iwapo kompyuta imekamilisha kujikagua kwake. Sehemu nyingi zikionyesha kwamba ukaguzi haujakamilika, huenda namba zilifutwa au betri ilitolewa muda mfupi kabla ya mnunuzi kufika. Ni vyema aliendeshe gari hilo mlimani, kisha lipimwe tena.

Na yule mfanyabiashara wa Karatina? Akiwa ameegesha kando, afungue madirisha hewa iwafikie vifaranga, awapigie simu wateja, na gari lisiporudiwa na nguvu atafute gari jingine la kufikisha mzigo. Kisha aikague balbu ya breki, aandike kilichotokea na kuelekea kwa fundi mwenye mashine.

Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta. Huenda ufa wa gari lake ni swichi ndogo juu ya pedali ya breki, na fedha ambazo angenunulia throto asiyoihitaji zikatosha kumlipia vifaranga wa safari ijayo.