Kwa Nini Mahakama Hufuta Shtaka la Kuchochea Mwenza Ajiue

Nchini India maneno "nenda ukafe" yamewafikisha watu wengi kizimbani. Mume au mke akijiua baada ya ugomvi, ndugu wa marehemu hukimbilia polisi, na polisi huwafungulia mashtaka mwenza aliyebaki, wakwe na hata mashemeji kwa kosa la kuchochea mtu ajiue. Zamani kosa hilo lilikuwa katika kifungu cha 306 cha Kanuni ya Adhabu ya mwaka 1860. Tangu tarehe 1 Julai 2024 limo katika kifungu cha 108 cha sheria mpya, Bharatiya Nyaya Sanhita, na adhabu yake imebaki ileile: kifungo kisichozidi miaka 10 pamoja na faini. Mashtaka haya yakitokana na magomvi ya ndoa, mara kwa mara mahakama za juu huyafuta, na waliofiwa hubaki wakiuliza kama mtu wao amekufa bure.

Swali lao ni la haki na linastahili jibu.

Sheria ya India inatambua njia tatu za kushiriki katika kosa la mwingine: kumchochea, kula njama, au kumsaidia kwa makusudi. Katika kesi za kujiua majaji hutaka waonyeshwe kitendo cha mshtakiwa kilicho karibu na kifo, na zaidi ya yote nia: kwamba alitaka mwenzake afe, au alimbana makusudi mpaka asione njia nyingine. Kumuumiza mtu moyo hakutoshi.

Mfano unaotajwa sana ni wa hukumu ya Mahakama ya Juu ya mwaka 2002, katika kesi iliyotoka Madhya Pradesh. Wanandoa walikuwa wamekosana, na kaka wa mke akamfokea shemeji yake, akamwambia aende akafe. Ugomvi huo ulitokea tarehe 25 Julai 1998, na mwili wa mume ukakutwa tarehe 27. Majaji walisema maneno ya hasira peke yake si uchochezi, kwani uchochezi unahitaji nia. Tena marehemu alikuwa na muda wa kutafakari kati ya ugomvi na kifo. Shtaka likafutwa kabla kesi haijasikilizwa.

Mwaka mmoja kabla, mahakama hiyohiyo iliamua kesi ya mume wa Chhattisgarh ambaye katika ugomvi alimwambia mkewe yuko huru kufanya atakalo na kwenda atakako. Mke akajiua. Mume aliondolewa hatia ya uchochezi, lakini hatia ya kumtendea mkewe ukatili ikabaki palepale. Sehemu hii ya pili watu wengi huisahau.

Mwaka 1983 India iliongeza kifungu cha 498A, ambacho leo ni vifungu vya 85 na 86, dhidi ya mume au jamaa zake wanaomtesa mke. Adhabu yake ni hadi miaka 3 jela. Kifungu hicho kinataja waziwazi mwenendo wa makusudi unaoweza kumsukuma mwanamke ajiue. Yaani kwa kosa la ukatili, yatosha kuthibitisha kwamba mateso yalikuwa ya kiwango hicho. Kwa kosa la uchochezi lazima mwendesha mashtaka avuke hatua moja zaidi, aonyeshe kwamba mtesaji alikusudia kifo. Desemba 2024 Mahakama ya Juu ilifuata njia hiyo katika kesi ya Gujarat, ambako mke alikuwa akilalamikia dhahabu yake iliyouzwa: shtaka la uchochezi likaondolewa, la ukatili likaamriwa kuendelea.

Mwaka 1983 pia liliwekwa sharti la ushahidi: mke akijiua ndani ya miaka saba ya ndoa, na ikathibitika aliteswa, mahakama inaweza kuchukulia kwamba mume au jamaa zake walimchochea. Inaweza, si lazima. Kwa mume anayejiua hakuna sharti kama hilo wala kosa linalolingana na 498A, kwa hiyo uchochezi ukifutwa ndugu zake mara nyingi hubaki mikono mitupu. Hilo ni pengo la kweli.

Kwa maoni yangu, majaji wako sahihi kuikazania nia. Bila hivyo kila talaka yenye maneno makali ingeweza kumpeleka mtu jela miaka 10. Ninachokipinga ni kipimo kingine wanachokirudia, kwamba ikiwa marehemu alikuwa mwepesi mno wa kuumizwa na migongano ya kawaida ya nyumbani, mshtakiwa asitiwe hatiani. Kawaida kwa nani? Pale ambapo kumdai mke mahari zaidi (na huko mahari hutoka kwa familia ya mke kwenda kwa mume) au kumtukana mbele ya wakwe kumezoeleka, kipimo hiki huwalinda watesaji kwa sababu tu ni wengi.

Lawama nyingine ni ya polisi na mahakama za chini. Januari 2025, katika kesi iliyohusu deni la mkopo, Mahakama ya Juu ilisema kifungu hiki kisitumiwe ili kutuliza tu uchungu wa wafiwa, na ikazionya mahakama za chini zisiidhinishe mashtaka kwa mazoea. Nakubaliana nayo kabisa. Shtaka kubwa lisilo na ushahidi hula miaka, na familia hudhani imeshinda hadi siku linapofutwa.

Jambo hili si la India pekee: Afrika Mashariki nasi tuliwahi kutawaliwa na Kanuni hiyohiyo ya Adhabu ya India hadi Kenya na Tanganyika zilipopata kanuni zao mwaka 1930. Leo kifungu cha 225 cha Kenya na cha 216 cha Tanzania huadhibu kumshawishi au kumsaidia mtu ajiue, hata kwa kifungo cha maisha.

Kwa hiyo ukisoma kwamba mume au mke "ameachiwa", tazama ni shtaka gani limefutwa na lipi limebaki. Na kama unamjua mke anayeteswa huko India, usingoje msiba: yeye au ndugu zake wanaweza kushtaki ukatili leo, na chini ya sheria ya ukatili wa majumbani ya mwaka 2005 hata jirani anaruhusiwa kutoa taarifa kwa afisa wa ulinzi.