Kimya Kingi Kina Mshindo: Usanii wa Richard Farnsworth katika Filamu

Wahenga walinena kuwa chema chajiuza, kibaya chajitembeza. Methali hii, hata hivyo, inatatizika inapopimwa kwa kazi ya mwigizaji badala, yaani yule anayetekeleza tendo la hatari kwa niaba ya mwigizaji mkuu. Kadiri anavyoifanya kazi yake vyema, ndivyo hadhira inavyokosa kumtambua. Makala haya yanamwangazia Mmarekani Richard Farnsworth (1920–2000), aliyeishi katika kivuli hicho kwa takriban miaka arobaini kabla ya uso wake kupata jina.

Farnsworth alizaliwa jijini Los Angeles. Angali kijana alikuwa akiwatunza farasi wa mchezo wa polo. Mnamo 1937, watayarishaji wa filamu waliohitaji wapanda farasi stadi walimchukua, naye akashiriki katika The Adventures of Marco Polo (1938). Baadaye alimwakilisha Montgomery Clift katika Red River (1948), akamwakilisha pia Roy Rogers, na akashiriki katika Spartacus (1960). Mwaka 1961 alikuwa miongoni mwa waasisi wa chama cha waigizaji wa matukio ya hatari nchini humo.

Ufundi wenyewe unahitaji maelezo. Anguko kutoka kwa farasi linaloonekana kuwa ajali aghalabu huwa limepangwa hatua kwa hatua. Ardhi hulainishwa mapema, farasi hufunzwa kuanguka kwa ishara, naye mpandaji huhakikisha mguu wake umetoka kwenye kikuku kabla ya kugusa chini. Zaidi ya hayo, hana budi kuiga mkao na mwendo wa yule anayemwakilisha, huku akiuficha uso wake. Kwa hivyo, yeye huigiza kwa mgongo, mabega na miguu. Hana hata neno moja la kumsaidia.

Hapana shaka shule hiyo ilimjenga Farnsworth. Katika Comes a Horseman (1978) aliigiza Dodger, mfanyakazi mzee wa ranchi, akateuliwa kuwania tuzo ya Oscar ya mwigizaji msaidizi. Katika The Grey Fox (1982), filamu ya Kanada, akawa Bill Miner, mwizi mkongwe anayetoka gerezani na kuikuta dunia imebadilika. Mwaka 1985 aliigiza Matthew, mzee mpole asiye na maneno mengi, katika filamu ya televisheni iliyotokana na riwaya ya Anne of Green Gables. Wahusika hawa wote husema machache; uzito wao umo katika mwili uliotulia.

Kilele kilikuwa The Straight Story (1999), iliyoongozwa na David Lynch. Filamu hiyo inatokana na kisa cha kweli cha Alvin Straight, mzee ambaye mnamo 1994 alisafiri kutoka Iowa hadi Wisconsin kwa mashine ya kukatia nyasi ili akamwone nduguye mgonjwa. Wakati wa upigaji picha, saratani ilikuwa imeuingia mwili wa Farnsworth. Udhaifu wa miguu unaoonekana haukuwa wa kuigiza tu. Akiwa na umri wa miaka 79, aliteuliwa kuwania Oscar ya mwigizaji bora, na rekodi hiyo ya umri ilidumu hadi 2021 alipoteuliwa Anthony Hopkins. Mnamo Oktoba 2000, akiwa katika maumivu makali, alijitoa uhai nyumbani kwake New Mexico.

Inafaa ikumbukwe kwamba waigizaji badala wengi hawakupata fursa kama yake. Aprili 2025 ndipo Akademia ya Filamu ya Marekani ilipotangaza tuzo ya ubunifu wa matukio ya hatari, itakayoanza na filamu za mwaka 2027. Suala hili linamhusu pia mhakiki wa tamthilia ya Kiswahili, ambaye aghalabu huchambua mazungumzo ya wahusika na kuyapita maelekezo ya jukwaani. Mhusika ni kauli, lakini ni kiwiliwili vilevile. Asiyekisoma kiwiliwili hicho huwa amesoma nusu ya tamthilia.