UMEME NA NIDHAMU YA MATUMIZI



Kila jioni, jua linapozama nyuma ya milima ya Kongo, pwani yote ya Tanganyika kutoka Bujumbura hadi Rumonge huwasha taa kwa pamoja. Pasi, majiko na majokofu ya samaki nayo hudai umeme saa hiyo hiyo. Hapo ndipo mitambo huelemewa.

Umeme si mawese yanayotiwa pipani yakangoja mnunuzi. Unaotumika sasa ndio unaozalishwa sasa. Mtambo hufanana na mwendesha baiskeli apandaye mlima: akiongezewa mzigo asiongeze nguvu, mwendo hupungua. Mkondo wa umeme hutakiwa kupiga mizunguko 50 kila sekunde. Matumizi yakizidi, mizunguko hushuka. Ikishuka mno, mitambo hujizima ili isiharibike, mmoja baada ya mwingine, na nchi nzima huingia gizani.

Burundi hutegemea zaidi maji. Mtambo wa Mugere, karibu na ziwa, ulianza mwaka 1982. Rwegura, wenye megawati 18, mwaka 1986. Ruzizi ya Pili, ambayo umeme wake hugawanywa na Rwanda na Kongo, mwaka 1989. Mingine imeongezwa baadaye. Lakini kiangazi, kuanzia Juni hadi Septemba, hupunguza maji ya mito, wala mvua haiji kwa amri.

Ndiyo maana REGIDESO, shirika la taifa la maji na umeme, hulazimika kukata umeme mtaa huu ili mwingine upone. Mgao huo ni mchungu: barafu ya mvuvi huyeyuka, na kinu cha msagaji husimama. Hata hivyo, giza la wachache kwa saa chache ni afadhali kuliko giza la wote, hospitali ikiwemo.

Katika jambo hili kambi na vituo vya polisi vina wajibu wao. Taa za lindo zisizimwe. Hizo ni usalama wa raia. Lakini pasi moja ya wati 1,000 hula umeme wa taa 100 za wati 10. Sare zikinyooshwa asubuhi, na matangi ya maji yakijazwa usiku wa manane, mzigo wa jioni hupungua bila kazi yoyote kuharibika.

Askari ajua kwamba risasi hazifyatuliwi zote kwa mara moja. Umeme nao wataka nidhamu hiyo hiyo.